Mwangwi: mwanga wa angani unaotoa vivuli vya vitu ambavyo havipo tena (uzi mrefu, karibuni tuubomoe)

#1 – Mleta uzi

Wakuu, nina ulimwengu wa kubuni ninaoujenga kwa ajili ya riwaya, na kiini chake ni mwanga wa angani. Nimesoma hadithi nyingi za aina hii ambamo anga linageuka zambarau, wahusika wanainua nyuso, mwandishi anamwaga aya mbili za uzuri usiosemeka, halafu safari inaendelea kama kawaida. Mwanga wa namna hiyo ukiufuta, hadithi haipungukiwi kitu. Ni pambo.

Ninachotaka mimi ni mwanga ambao watu wameishi nao vizazi na vizazi, mpaka wakautungia sheria za ardhi, desturi za msiba na mbinu za kuukwepa. Nimeuita Mwangwi. Nauweka hapa wote ili muuchokonoe.

Usiku wa ulimwengu huo ni kama usiku wetu: mwezi, nyota, mbwa wanabweka, watu wamelala. Lakini kila baada ya miaka kadhaa, pengine mitatu, pengine kumi na mmoja, na hakuna aliyewahi kupata hesabu yake, anga zima linajaa weupe wenye ubuluu kidogo, kutoka upeo hadi upeo. Hakuna chanzo. Hakuna joto wala sauti. Mwanga wenyewe unatosha kusomea maandishi makubwa. Mara nyingine unakaa saa moja, mara nyingine karibu usiku kucha, kisha unakatika ghafla bila kufifia.

Ajabu yenyewe iko chini. Mwangwi ukiwaka, nyumba iliyo mbele yako haina kivuli. Wewe mwenyewe huna kivuli. Vivuli vilivyolala ardhini ni vya vitu na watu waliokuwa mahali hapo Mwangwi uliopita ulipokatika. Mwembe uliokatwa miaka sita iliyopita, kivuli chake kipo, na matawi yake yote. Mzee aliyefariki juzi, kivuli chake kimesimama uani akiwa ameinua mkono. Mtoto aliyezaliwa katikati ya Mwangwi mbili hana kivuli popote. Vivuli havitembei. Vimeganda kama vilivyokuwa katika ile dakika ya mwisho.

Na kila Mwangwi unapokatika unachukua picha mpya na kuifuta ya zamani. Hakuna kumbukumbu ya mara mbili nyuma. Hilo nimeliwekea msimamo, na sitalilegeza hata mhusika wangu akilia damu.

Mwanga unatoka juu, kwa hiyo aliye chini ya paa hachukuliwi. Kinachochukuliwa ni kivuli cha paa. Na maji hayashiki kitu: aliye mtoni au baharini ni kama hakuwepo. Mambo haya mawili tu yamenipa nusu ya utamaduni wao. Anga likiwaka, familia zenye heshima zinatoka nje na kusimama uani, kila mtu mahali pake, babu mbele. Wenye mambo yao wanabaki ndani. Na wenye mambo mazito zaidi wanaingia kwenye mitumbwi.

Mtaniuliza kwa nini sikuchukua tu mianga ya kaskazini, maana tayari ipo na inapendeza. Nimeisoma sana, na ndiyo maana nimeiacha. Ile ina maelezo yake: chembe kutoka kwenye Jua zinaongozwa na uga wa sumaku wa Dunia kuelekea maeneo ya ncha, zinagonga oksijeni na nitrojeni huko juu. Kijani tunachokiona sana kinatoka kwenye oksijeni, kuanzia kilomita 100 hivi kwenda juu, na wekundu unatokea juu zaidi, kupita kilomita 200. Waandishi wengi wanaazima rangi na ule mchezo wa mapazia, basi.

Kilichonishika mimi ni Septemba 1859. Tarehe 1 mwanaastronomia Richard Carrington, akiwa Uingereza, aliona mlipuko wa mwanga mweupe kwenye uso wa Jua alipokuwa akichora madoa yake. Haikupita hata siku moja, mianga ikaonekana mpaka visiwa vya Karibi. Kati ya Boston na Portland kule Marekani, wapiga simu za telegrafu walikata betri zao na wakaendelea kutumiana ujumbe kwa umeme ulioingia kwenye nyaya kutokana na dhoruba ile. Yaani jambo la angani lilishuka hadi kwenye meza ya karani na kumfanyia kazi yake. Hiyo ndiyo nguvu ninayoitaka: mwanga unaoingia kwenye shughuli za watu.

Haya, bomoeni.

#2

Nimekaa. Swali la haraka: aliyekuwa chooni mwanga ulipokatika, wajukuu watamwona hivyo?

#3 – Mleta uzi

Kama choo kina paa, heshima yake iko salama. Kama hakina, ndio maana kijiji kizima cha ulimwengu huo kina vyoo vyenye paa hata pale nyumba zenyewe zinapovuja.

#4

Mkuu, wazo ni zuri lakini lina kasoro ya kimsingi, na nisipoisema mimi ataisema msomaji wako wa kwanza aliyesoma fizikia.

Kivuli kinachokatika vizuri kinahitaji chanzo kidogo cha mwanga. Jua na Mwezi, kila kimoja kina upana wa takriban nusu digrii angani, na hata hivyo kingo za vivuli vyake haziko kama wembe. Chukua ncha ya mlingoti ambayo kivuli chake kinaanguka mita 10 kutoka ilipo: ukingo wa kivuli utakuwa na ukungu wa sentimita 9 hivi. Jua likipatwa na kubaki ukucha mwembamba, vivuli vinakuwa vikali sana upande mmoja, mpaka unaweza kuona unywele mmoja mmoja kwenye kivuli cha kichwa chako. Zuhura ikiwa kwenye ung'avu wake wote, mahali penye giza totoro, inatoa kivuli hafifu lakini chenye kingo safi, kwa sababu kwa jicho letu ni nukta tu.

Sasa wewe una anga ZIMA linalowaka. Huo ni mwanga wa siku ya mawingu mazito. Siku hiyo huna kivuli, una weusi kidogo tu chini ya viatu. Mwanga uliotandaa unafuta vivuli. Umechagua aina ya mwanga ambayo ndiyo hasa isiyoweza kufanya unachokitaka.

Na jambo la pili: vivuli vyako vinaelekea wapi? Hujasema.

#5 – Mleta uzi

Mkuu wa #4, umeuona mlango nilioingilia.

Wajenzi, wakulima na mabaharia wa ulimwengu ule hawajasoma fizikia, lakini wote wanajua kwamba wingu zito linaondoa vivuli. Kwa hiyo siku anga zima linapowaka na ardhi ikajaa vivuli vilivyokatwa kwa kisu, hawahitaji kuhani kuwaambia kwamba hii si kazi ya Jua wala ya Mwezi. Mwandishi mvivu angeweka sauti kutoka mawinguni. Mimi namwachia mkulima atazame chini, akunje uso, aseme "hapana".

Kuhusu uelekeo: vivuli vyote vinalala kuelekea machweo, kwa pembe moja, kana kwamba kuna nukta inayowaka mawioni. Ukigeuka kuitazama, hakuna kitu. Weupe ule ule.

#6

Naingilia hapo kwenye pembe moja. Msomi wa Kigiriki Eratosthenes alipima ukubwa wa Dunia kwa vivuli zaidi ya miaka 2,200 iliyopita. Mchana wa siku Jua lilipokuwa utosini kule Syene, kusini mwa Misri, huko Alexandria kaskazini lilikuwa limeinama sehemu moja ya 50 ya duara, digrii 7 na kidogo. Tofauti hiyo ya pembe pamoja na umbali wa miji miwili vikampa mzingo wa Dunia.

Kama pembe ya vivuli vya Mwangwi ni ile ile kila mahali, basi ama dunia yako ni bapa, ama mwanga huo hautoki mahali popote. Amua moja.

#7 – Mleta uzi

Sitaamua, nitawaachia wao. Kuna wasomi wawili katika miji miwili ya mbali waliowahi kupima vivuli vya Jua na kukuta pembe zinatofautiana, kwa hiyo wanajua dunia yao ni mviringo. Usiku wa Mwangwi wakapima tena, na barua zao zikapishana njiani: pembe ni moja. Maana yake kila mji una mawio yake yenye nukta yake isiyoonekana. Yaani mwanga unakuja kwa kila mahali peke yake, kama vile unajua uko wapi.

Barua hizo mbili zimewaponza. Mkubwa wa dini yao ameshawaambia watu kwamba Mwangwi unatoka katika makao moja ya wahenga, huko mawioni, na mahujaji wamekuwa wakienda huko kwa miaka mingi na sadaka zao. Asante sana mkuu wa #6, umenipatia mgogoro wa sura nzima.

#8

Mimi sina fizikia. Nataka kuuliza kuhusu waliofiwa, maana mleta uzi umepita hapo mbio mno.

Mke amefiwa na mume mwaka mmoja baada ya Mwangwi. Anajua mume wake amebaki na kivuli kimoja tu, na kitaonekana usiku mmoja tu, na hajui usiku huo ni lini. Nadhani mwanamke huyo hahami nyumba ile. Ndugu wa mume wakitaka kuiuza, hauzi. Akiolewa tena haendi kwa mume mpya, mume mpya ndiye anayehamia. Kila jioni anapanga kazi zake ili asiwe mbali na ua.

Halafu unawaka. Anatoka. Kivuli kipo. Afanye nini? Akikaa karibu nacho mpaka mwanga ukatike, Mwangwi ujao utaonyesha kivuli chake yeye peke yake, ameinama kando ya mahali patupu. Watoto watakaouona watadhani mama alikuwa amepagawa. Akikaa na familia kama desturi inavyotaka, atakuwa amempa mgongo mume wake katika saa yake ya mwisho kabisa duniani.

Hapo ndipo riwaya ilipo kwangu. Vita vya wasomi wawekee wanaopenda vita.

#9 – Mleta uzi

Nimesoma hii mara kadhaa kabla ya kujibu, dada yangu (au kaka, samahani kama nimekosea).

Suala la nyumba nalichukua lilivyo. Nitaongeza kwamba kuna neno la kisheria: nyumba ambayo ina kivuli cha marehemu ndani ya ua wake haiuzwi, haigawanywi urithi, mpaka Mwangwi mmoja upite. Kuna ndugu wenye tamaa ambao wanaombea anga liwake haraka, na kuna wajane wanaoomba lisiwake kabisa, wote katika hekalu moja, bega kwa bega.

Kuhusu afanye nini, sitatunga desturi ya kumwokoa. Nikitunga desturi nzuri yenye kufariji nitakuwa nimemwibia uamuzi wake.

#10

Kuna kitu hakijasemwa, na nakisema kwa adabu. Mwanga unaoacha kivuli cha mtu asiyekuwepo umewahi kutokea hapa hapa duniani, na haukuwa muujiza. Tarehe 6 Agosti 1945, Hiroshima, kuna mtu alikuwa kwenye ngazi za mawe nje ya tawi la benki, mita 260 hivi kutoka mahali palipokuwa moja kwa moja chini ya mlipuko wa bomu la atomiki. Joto na mwanga vilibadilisha rangi ya jiwe pande zote, isipokuwa pale mwili wake ulipokinga. Ngazi hizo ziliondolewa baadaye na zimehifadhiwa katika Makumbusho ya Amani ya mji huo.

Ninachotaka mleta uzi akione ni hiki: pale, sehemu nyeusi ndiyo jiwe lilivyokuwa zamani. Kilichobadilika ni kila kitu kingine. Tunasema "kivuli kimebaki" lakini kilichobaki ni sehemu ambayo haikuguswa.

Ukiandika juu ya vivuli vya waliokufa, wapo wasomaji watakaokumbuka ngazi zile. Usiandike kwa mzaha.

#11 – Mleta uzi

Nimekuelewa. Mzaha wa choo utabaki hapa kwenye uzi.

Na kuna mwenendo mmoja nauchukua kutoka kwenye ujumbe wako: usiku wa Mwangwi watu hawakanyagi vivuli. Hakuna sheria iliyoandikwa. Wanatembea kwa kuzunguka, hata kama ni kivuli cha pipa, kwa sababu kwa mbali huwezi kujua ni cha nani mpaka umekaribia. Mgeni anayekata njia moja kwa moja anajulikana mara moja kwamba ni mgeni.

#12

Wakuu, mmesahau mifano miwili iliyo karibu zaidi na wazo lenyewe.

Mmoja ni mawe ya Bologna. Mwanzoni mwa miaka ya 1600, fundi viatu wa mji huo aitwaye Vincenzo Casciarolo alichoma mawe fulani mazito akitafuta utajiri, akakuta kwamba yakikaa juani yanaendelea kuwaka gizani. Dhahabu hakupata. Siku hizi kwenye vituo vya sayansi kuna kuta zilizopakwa rangi ya kutunza mwanga kwa njia hiyo: unasimama mbele ya ukuta, taa kali inapigwa, unaondoka, kivuli chako kinabaki ukutani kwa muda. Mleta uzi, sema ukweli, hukuanzia hapo?

Mwingine ni wa angani kweli. Novemba 1572 mwanaastronomia wa Denmark, Tycho Brahe, aliona nyota mpya katika kundi la Cassiopeia, ikang'aa sana, ikafifia, na kufikia 1574 haikuonekana tena kwa macho. Lakini sehemu ya mwanga wake haikuja kwetu moja kwa moja. Ilikwenda pembeni, ikagonga mawingu ya vumbi, ndipo ikageukia huku. Mwaka 2008 wanaastronomia waliuchambua mwanga huo uliochelewa na wakatambua ulikuwa supanova, yaani mlipuko wa nyota, wa aina iitwayo Ia. Mwanga wa tukio lile lile la Tycho, zaidi ya miaka 430 baadaye, wakiwa na vyombo ambavyo yeye hakuviota.

Kwa hiyo anga letu tayari lina kumbukumbu. Wewe umeishusha ardhini tu.

#13 – Mleta uzi

Ukuta ule, ndiyo. Niliwatazama watu wakiuchezea, kila mmoja akirukaruka na kukunja vidole kutengeneza ndege, na mzee mmoja yeye alisimama wima tu, mikono pembeni, kama anayepigwa picha ya kitambulisho. Nikawaza: ingekuwaje kama kivuli hicho kingekaa miaka saba badala ya dakika moja, na ungejua hivyo wakati unasimama?

Nyota ya Tycho inanipendeza zaidi ya ninavyoweza kueleza hapa, lakini haiingii. Ikiingia, mtu atataka nieleze vumbi liko wapi, na nikieleza vumbi Mwangwi unageuka kuwa hali ya hewa.

#14

Nimekuwa nasoma kimya. Mimi nafanya kazi zinazohusu migogoro ya mipaka, basi niongelee mashamba.

Ulisema sheria za ardhi. Nachukulia kwamba jiwe la mpaka likihamishwa, Mwangwi unaonyesha kivuli chake mahali pa zamani, na mwizi anaumbuka. Safi. Lakini soma sheria yako mwenyewe: kila Mwangwi unapokatika unachukua picha mpya. Nikihamisha jiwe leo, Mwangwi ujao utaniumbua iwapo tu jirani yangu atatoka nje usiku ule na kuangalia. Akiwa safarini, mgonjwa, au mtoto mdogo, jiwe langu linachukuliwa mahali papya. Mwangwi unaofuata, kivuli na jiwe vinakaa mahali pamoja, na mimi ndiye mwenye ushahidi kutoka mbinguni. Jirani akija na wazee kumi wa kumtetea, namwonyesha kivuli.

Mwanga wako haulindi ukweli, mkuu. Unamlinda aliyekuwa macho usiku ule.

#15 – Mleta uzi

Hiyo ya mwisho naomba niitumie, nitaiweka kinywani mwa mwamuzi mzee.

Nyongeza yangu: kwa sababu hiyo kuna kazi ya mashahidi wa kulipwa. Usiku wa Mwangwi, mwenye shamba la mbali analipa mtu akazunguke mipaka yake. Masikini hana wa kumlipa. Baada ya Mwangwi kumi na mbili au kumi na tano, mashamba mazuri yote yako mikononi mwa watu wachache, na kila hatua ilithibitishwa na anga. Waliopoteza hawawezi hata kusema wameibiwa bila kuonekana wanalikufuru anga.

#16

Nyote mnazunguka jambo lililo wazi. KIVULI HAKINA SURA.

Mnaongelea kivuli cha mume, kivuli cha mzee, kivuli cha shahidi. Mnajuaje ni chake? Ni umbo jeusi lililolala chini, limevutika kwa sababu ya pembe. Naweza kuua mtu porini usiku wa Mwangwi, na wakati huo huo uani kwangu nimesimamisha sanamu ya kutishia ndege imevaa kanzu yangu na kofia yangu. Mwangwi ujao, kijiji kizima kitaapa nilikuwa nyumbani.

Na kinyume chake: nikikuchukia, nasimamisha sanamu yenye kofia yako karibu na ghala lililochomwa. Kazi imekwisha. Hukumu imetoka juu.

Mfumo wote wa mahakama umeanguka. Samahani.

#17

#16 umeua uzi hahaha

#18

Haujafa. Wenye akili wataweka alama. Kila mtu mzima ana mkao wake, mkono hivi, mguu vile, na unasajiliwa barazani. Sanamu haiwezi kujua mkao wako.

#19

#18, mkao wako kila jirani anaujua, kwa sababu umeusimamia mbele ya macho yao kila Mwangwi tangu utoto. Sanamu inakunjwa mkono tu.

#20

Basi watumie watu, si umbo. Asubuhi baada ya Mwangwi kuandikwe nani alionekana wapi na nani, na daftari lifungwe. Mwangwi ujao vivuli vilinganishwe na daftari.

#21

Na daftari likishakuwepo, Mwangwi wa kazi gani?

#22 – Mleta uzi

Nimekaa na #16 usiku mzima na sasa sitaki kuuziba huo mwanya. Nauhamishia katikati ya kitabu.

Sikilizeni. #20 na #21 mmeonyesha kitu: ushahidi wa anga hauhitajiki pale ambapo watu wanaandika na kuaminiana. Unahitajika pale ambapo hawaaminiani. Kwa hiyo baraza halitaukubali mwanya huo, hata likiuona. Mwamuzi akikiri kwamba sanamu inaweza kusimama badala ya mtu, kila shamba lililoamuliwa kwa kivuli linarudi mezani, na nusu ya wajumbe wa baraza wamekaa juu ya mashamba hayo (asante mkuu wa #14). Watasema sanamu haiwezi kuchukuliwa na Mwangwi kwa kuwa haina roho. Ukiwauliza mbona mti unachukuliwa, watakwambia mti una roho. Ukiwauliza pipa, watakufukuza.

Mhusika wangu mkuu alikuwa mchora ramani. Nimembadilisha. Sasa ni mtengenezaji wa sanamu za kutishia ndege. Aliuza moja kwa mgeni, akaombwa aikunje mkono wa kushoto kwa namna fulani, akalipwa vizuri, akasahau. Miaka inapita. Mwangwi unawaka, na kando ya ghala lililoungua kuna kivuli ambacho kijiji kizima kinakitambua kuwa ni cha kijana fulani. Yeye peke yake anatambua mshono wa bega. Anajua anavyofunga fito, na kivuli kimeonyesha zile fundo mbili zinazotokeza chini ya kwapa, ambazo mtu hana.

Ana mpaka mwanga utakapokatika kuwaonyesha. Baada ya hapo kivuli hakirudi tena, milele.

#23

Hapo sawa. Lakini #4 alisema kivuli kinakuwa na ukungu ukingoni. Fundo zitaonekana kweli?

#24

Mimi ndiye #4. Kwa Jua, fundo la sentimita mbili kwenye kwapa lililo mita moja na nusu kutoka ardhini, mwanga ukiwa umeinama hivyo, lingekuwa na ukungu wa sentimita mbili au tatu ukingoni. Lingemezwa karibu lote. Lakini ameshasema vivuli vya Mwangwi vimekatwa kwa kisu, bila ukungu wowote. Kwa hiyo ndiyo, zingeonekana. Nachukia kukubali kwamba ile kasoro niliyoileta ndiyo inayomwokoa kijana.

#25

Nami ndiye #8. Mjane wangu yuko wapi kwenye hii?

#26 – Mleta uzi

Ghala liko mbele ya ua wake, na kivuli cha fundo kimelala hatua tano kutoka kwa kivuli cha mume wake. Mtengeneza sanamu anahitaji shahidi wa pili ili baraza limsikilize, na aliye karibu ni yeye tu. Ili azione fundo inabidi aondoke alipokaa, na hajui mwanga umebakiza dakika ngapi.

Sijui bado kama ataondoka. Naandika baraza kwanza, maana bila ile hoja ya pipa tukio la ghala halitakuwa na uzito. Nikimaliza sura mbili za mwanzo nazileta hapa hapa. Mkuu wa #16, wewe ndiye utakayesoma kwanza, na usinihurumie.